Mzee wa Koti

“Dobi gani huyo anakaa na koti miezi mitatu? Analifua uzi mmoja mmoja?”

“Punguza sauti, mama. Kuna watu wanasoma maneno yao hapo nje.”

“Wasome. Na mimi nasema yangu. Jibu.”

Alikuwa amekaa kwenye stuli ya chumba cha mavazi, taulo shingoni, nusu ya uso imepakwa poda na nusu bado. Upande uliopakwa ulikuwa wa mlevi mgonjwa. Upande mwingine ulikuwa wa mwanaume ambaye Jumamosi angenioa. Mimi nilisimama mbele yake na koti langu jeupe la maabara, maana nilikuwa nimetoka kazini saa ya chakula cha mchana, na nilikuwa na dakika hamsini za kujua kama nina harusi au sina.

“Nilisema liko kwa dobi kwa sababu…”

“Kwa sababu ulidhani nyumbani kwangu hakuna televisheni.”

Mama Pasi, mtunza mavazi wa studio, aliyekuwa akinyoosha shati kwenye meza ya kona, akakohoa kikohozi cha mtu asiye na mafua.

“Binti yangu ndiye aliyeona,” nikasema. “Jana jioni, baada ya taarifa ya habari. Mimi nipo jikoni, nikasikia ananiita. ‘Mama, njoo. Lile ni koti la baba.’ Nikamwambia makoti yanafanana. Akasema, ‘Mama, angalia kifungo.’ Nikaangalia. Kamera ilikuwa imekisogelea kile kifungo kama vile kinatoa hotuba.”

“Mwongozaji anakipenda…”

“Sijamaliza. Na mvaaji wa hilo koti anatambaa kwenye mtaro. Anajifuta matapishi kwa mkono wa koti la baba yake. Mtoto hakulia. Alikaa mpaka tangazo la sabuni likaanza, akaenda chumbani, akafunga begi, akaenda kwa mjomba wake. Na asubuhi kaka yangu akanipigia. Unataka kujua alichosema?”

“Kaka yako hajawahi kunipenda.”

“Alisema, ‘Huyo mtu ameanza kumvaa marehemu kabla hata hajaingia ndani.’”

Hapo alishusha macho.

Mume wangu wa kwanza alikuwa fundi wa majokofu makubwa, yale ya vyumba vizima vya kuhifadhia nyama na samaki, na koti lile zito la bluu lilikuwa la kazi. Siku moja kifungo cha juu kiling’oka. Binti yetu alikuwa na miaka minane, ndiyo kwanza amejifunza kushika sindano, akaking’ang’ania. Alikishona kwa uzi mwekundu kwa sababu ndio uliokuwa kwenye sindano, akauzungusha mara nyingi mpaka ukawa na kibonge kama kidonda. Baba yake akaenda nalo kazini siku mbili, akijigamba. Siku ya tatu akalazwa. Hakurudi. Koti nikaliweka sandukuni, nikamwambia mtoto: ukiwa mkubwa, ni lako.

Miezi mitatu iliyopita nililitoa mimi. Kosa hilo ni langu na nalibeba. Mtoto alikuwa shuleni, na mimi sikumuuliza.

Lakini nilikuwa nampenda huyu mchumba. Nisipolisema hilo, hakuna atakayenielewa.

Kwa miaka ishirini na miwili mwanaume huyu alikuwa akitokea kwenye televisheni na hakuna aliyemwona. Mlinzi anayemfungulia tajiri geti: yeye. Daktari anayevua barakoa na kusema “tumejitahidi”: yeye. Shahidi wa tatu mahakamani. Dereva anayeambiwa “nisubiri hapa”, akasubiri, hadithi ikaendelea bila yeye. Studio nzima ilimwita Dakika Mbili, kwa sababu hakuna mwongozaji aliyewahi kumpa zaidi ya hizo. Barabarani watu walimsimamisha, wakakunja nyuso, wakasema, “Samahani, wewe si ndiye uliyetuwekea vioo vya madirisha?” Kaka yangu alipoambiwa kazi ya mchumba wangu aliuliza, “Mtu mzima analipwa kufa kila wiki, na bado hajazoea?”

Tulijuana alipokuja maabara kupima damu. Akaniona nampa mama mmoja majibu mabaya, akabaki kwenye benchi saa nzima baada ya kumaliza shida yake. Nilipomuuliza anasubiri nini, akasema, “Kesho nacheza daktari. Nina sentensi moja. Nifundishe unavyowatazama watu kabla hujawaambia.” Nilikuwa na miaka sita ya ujane. Hakuna mwanaume aliyekuwa ameangalia ninavyotazama.

Basi alipokuja kuomba koti zito lolote, sikuona neno. Wasanii wakubwa hushonewa nguo. Wadogo huja na zao. “Siku moja tu, mama. Nalala kwenye benchi la stesheni, mtu ananipita, basi.” Mwongozaji akaona koti, akaona kifungo chenye uzi mwekundu, akasema huyu mtu ana hadithi. Siku moja ikawa sehemu mbili, zikawa kumi na nne. Watu wakaanza kumwita barabarani, “Mzee wa Koti! Mzee wa Koti, rudi kwa mkeo!” Alikuwa akinisimulia huku anacheka kama mtoto aliyepata namba moja darasani. Mimi, mjinga, nilidhani wamemnunulia koti lingine. Zamu zangu zilikuwa za jioni mpaka wiki iliyopita, na jioni hizo mtoto alikuwa kwa mjomba wake, tamthilia hatukuiona hata mara moja. Nikiuliza letu liko wapi, liko kwa dobi.

“Ningekwambia nini?” akasema sasa. “Nguo ikishaonekana kwenye kamera haitoki studio mpaka hadithi iishe. Ndiyo sheria ya kazi. Mtu hawezi kuingia mlangoni na koti moja, akatokea sebuleni na jingine. Ningelirudisha, wangemwondoa Mzee wa Koti siku hiyohiyo.”

“Ungesema hivyohivyo. Mimi nina masikio.”

“Ungelidai.”

“Ndiyo, ningelidai! Ni la mtoto!”

“Unaona?”

Pasi ikawekwa mezani kwa kishindo.

“Wifi,” Mama Pasi akasema, “mimi sipendi kuingia mambo ya watu.”

“Basi usiingie,” mchumba wangu akamwambia.

“Nimeshaingia, kaka yangu. Umekaa kitako unamdanganya mwenzio mbele ya kabati langu.” Akaenda kwenye kabati refu la chuma, akalifungua. “Njoo uone mwenyewe.”

Yalikuwa makoti matatu, yamening’inia kila moja na kibandiko chake. Bluu, bluu, bluu. Vifungo vitano, cha juu kwa uzi mwekundu.

“Nguo inayochafuliwa hushonewa mapacha,” Mama Pasi akasema. “Kila siku mtaroni, kila siku matapishi, koti moja litatosha wapi? Niliyashona haya mawili mwezi uleule wa kwanza. Hata kibonge cha uzi nimekiiga, nimekaa nacho jioni mbili. Nikamwambia kaka hapa, sasa la kwenu peleka nyumbani. Nikamwambia tena. Mara ya tatu nikanyamaza, mdomo wangu si wa kukodi.”

Nikageuka. Alikuwa amesimama, taulo limeanguka.

“Kwa hiyo sheria ya kazi imeishia wapi?” nikauliza.

“Mapacha hayakai vizuri.”

“Hayakai vizuri!” Mama Pasi akaguna. “Uliyavaa siku nzima, mwongozaji mwenyewe hakujua.”

“Mimi nilijua!” Ilikuwa mara ya kwanza kumsikia akipaza sauti nje ya televisheni. “Nikivaa haya narudi kuwa Dakika Mbili. Maneno yananipotea. Mikono sijui niiweke wapi.” Akanisogelea, akanishika kifundo cha mkono, taratibu, kama anapima mapigo. “Unakumbuka siku uliyonivalisha? Ulilinyoosha begani. Ukarudi nyuma hatua moja, ukanitazama. Hujawahi kunitazama vile, si kabla, si baada. Nikajua hapo si mimi ninayetazamwa. Nikasema sawa, hata kama si mimi, nitakaa humohumo. Maisha yangu yote watu wananitazama wanamwona mtu mwingine. Huyo angalau ulikuwa unampenda.”

Sisemi uongo, moyo ulilegea. Mkono wake ulikuwa na joto na ulinuka poda. Macho yale, moja kwenye uso mgonjwa na moja kwenye uso mzima, yote mawili yalikuwa yananiomba.

“Ungeniambia,” nikasema, “ningekutazama bila koti.”

“Ungeweza?”

“Hukunipa nafasi, utajuaje?”

Mama Pasi alikuwa anapiga pasi shati lilelile mara ya nne.

Mimi si mtu wa kuzunguka. Nikasema: “Sikiliza. Nipe koti la mtoto sasa hivi. Vaa pacha, nenda kafanye kazi yako. Leo jioni tutaenda wote kwa kaka yangu, wewe utamwomba binti yangu msamaha kwa mdomo wako, si mimi kwa niaba yako. Atakasirika wiki moja, kisha atapoa, namjua. Jumamosi iko palepale.”

“Nitamwomba. Hata magoti nitapiga.”

“Usipige magoti, utamtia hasira zaidi. Nipe koti.”

Akatazama kabati. Akanitazama.

“Baada ya onyesho hili.”

“Bwana.”

“Onyesho moja! Dakika ishirini. Mke wa Mzee wa Koti anamfukuza nyumbani. Ni kurasa tatu, mama. Tatu! Sijawahi kupewa kurasa tatu tangu nizaliwe. Nikikosea leo, kesho nafungua mageti. Niachie hili moja, nikitoka tu, nakukabidhi mkononi. Mungu shahidi. Na Mama Pasi.”

“Mimi usinitaje,” Mama Pasi akasema, bila kuinua macho.

“Litachafuka?” nikauliza.

“Ndani ya nyumba? Litachafuka na nini? Tunasimama tu sebuleni tunagombana.”

Nikakubali. Mnaweza kunicheka, lakini mwenye kucheka na afikirie kwanza yeye amewahi kumkubalia nani nini. Nililitoa mwenyewe kabatini, lile lenye kibandiko tupu, nikamvalisha. Kifungo cha kwanza, cha pili, cha tatu. Nilipofika cha juu, kidole changu kilipita kwenye kile kibonge cha uzi, nikamwona binti yangu na miaka yake minane, ulimi nje, anavuta sindano. Nikarudi nyuma hatua moja. Nikamtazama. Nilijitahidi kabisa kumtazama yeye.

“Limekaa vizuri?” akauliza.

“Nenda. Dakika ishirini.”

Kijana wa kamera akagonga mlango, “Mzee wa Koti, tunakusubiri!” Akaondoka mbio kidogo, kama bwana harusi aliyechelewa.

Nikakaa kwenye stuli yake. Nikaanza kupanga kichwani: nitapita kwa binti shuleni saa kumi, nitamwambia kwanza mimi ndiye niliyelitoa, maana akisikia kwa mwingine itakuwa vibaya. Mama Pasi alikuwa amezima pasi. Alisimama ameishika mkononi, hajui aiweke wapi.

“Wifi,” akasema.

“Naam.”

“Hajakwambia habari ya mkasi.”

“Mkasi gani?”

“Wa onyesho. Mke anamfukuza, lakini kwanza anamkatia vifungo vya koti. Kimoja kimoja, ili akatembee na koti wazi kwenye baridi. Ndiyo maana leo asubuhi nilimwekea pacha mezani, nimelinyoosha kabisa. Yeye ndiye aliyelirudisha kabatini.”

Nilikuwa nimeshafika koridoni.

Korido ile ilikuwa ndefu, nyaya zimelazwa sakafuni na kufunikwa mikeka ya mpira. Mwisho wake kulikuwa na mlango mzito wa mbao, na juu ya mlango taa nyekundu inawaka. Mama Pasi alinikimbilia na ndala zake, ananong’ona kwa nguvu: “Taa ikiwaka haingii mtu! Mimi nina miaka kumi na saba hapa, sijawahi!”

“Basi leo utaona inavyokuwa.”

Nikausukuma.

Ndani kulikuwa na sebule isiyo na ukuta wa mbele. Kochi, pazia, picha ya familia ya watu wasiojuana. Yeye alisimama katikati chini ya taa kali, koti liko wazi juu. Mwigizaji anayecheza mke wake, msichana mdogo tu kwa karibu, alikuwa na mkasi mkononi, na mkasi ulikuwa umefika kifungo cha pili.

“Kata!” mwongozaji akapiga kelele. “Nani huyo? Nani amefungua mlango?”

Nikapita mbele ya kamera. Nikainama. Kifungo cha juu kilikuwa sakafuni, karibu na mguu wa kochi, uzi mwekundu umebaki juu yake kama nywele. Nikapiga magoti, nikakiokota, nikaanza kutafuta vipande vingine vya uzi kwa kiganja, na watu wazima kumi na watano wamesimama wananitazama.

Msichana akachuchumaa kando yangu. “Samahani, mama. Ni chako?”

“Ni cha mtoto wangu.”

“Mungu wangu! Mimi sikujua. Nilitaka kuanzia chini, kama ilivyoandikwa.” Akamtazama yeye. “Mzee ndiye aliyesema nianze na hiki.”

Nikainuka. Tukawa uso kwa uso. Mashavu yake yalikuwa na maji. Si yale ya kuwekewa kwa kichupa. Hayo nayajua, alishanionyesha. Yalikuwa machozi ya kweli, yamechora mistari kwenye poda.

“Wewe ndiye uliyesema?”

Nadhani alitafuta uongo, na safari hii hakuupata.

“Nilijua nikikiona kinakatika nitalia kweli,” akasema.

“Na umelia.”

“Nimelia.” Na humo ndani ya machozi, ninaapa, kulikuwa na furaha. “Miaka ishirini na miwili, mama. Uliza hapa. Wote wameona.”

Hilo ndilo lililomaliza. Uongo wa dobi ningeusamehe. Woga ningeusamehe, mimi mwenyewe ni mwoga wa kuzeeka peke yangu. Lakini huyu alikuwa amekwenda kwenye kidonda cha mwanangu akijua ni kidonda, akakifungua kwa sababu alihitaji maji. Na binti yangu ndiye angelala nyumba moja naye. Kesho angehitaji nini tena? Kuna barua za baba yake. Kuna siku za hospitali. Kuna mimi.

“Vua,” nikasema.

“Tumefika nusu ya onyesho…”

“Vua.”

Akavua. Ndani alikuwa na fulana kuukuu yenye tobo kwapani, na mabega yake yalionekana madogo kuliko nilivyoyajua. Nilitaka kuyafunika. Hata sasa nakiri nilitaka. Nikalikunja koti, nikalibana kwapani, kifungo nikakifunga kwenye kiganja.

“Mama,” mwongozaji akasema, kwa adabu ya mtu anayeona siku yake inaharibika, “hilo koti ni mali ya tamthilia.”

“Muulize Mama Pasi ni mali ya nani. Ya kwenu ni mawili, yako kabatini, yamenyooshwa.”

“Jioni nitakuja kwa kaka yako,” yeye akasema, haraka haraka, akinifuata mpaka ukingo wa zulia. Hapo akasimama, kwa sababu hapo mwanga uliishia. “Nitaongea na mtoto. Kama ulivyosema. Jumamosi…”

“Jumamosi usije. Wala leo.”

“Kwa kifungo?”

Dakika zangu hamsini zilikuwa zimebaki kumi na mbili. Nikatoka. Kwenye ngazi za studio, palipo na jua na walinzi wawili wanaocheza drafti, nikampigia kaka yangu.

“Kaka, shughuli ya Jumamosi haipo. Waambie wageni.”

“Haipo vipi? Amekukataa?” Sauti yake ilikuwa tayari kugombana na mtu.

“Nimekataa mimi.”

Huyu ndiye aliyekuwa akinipigia kelele miezi mitano nisiolewe na mfa-kila-wiki.

“Lakini dada,” akasema, “nimeshakodi viti. Mia moja na ishirini. Vimeshashushwa uani.”

“Virudishe,” nikamwambia, nikakata simu.